Bei ya pikapu hupangwa na mnunuzi wa pili

Swali la kwanza tunalomwuliza mteja anayetaka tumtafutie pikapu ni atabeba nini, na jibu tunalolipata mara nyingi halihusu mzigo hata kidogo: anataka Hilux, dabo kebini (yenye milango minne), nyeupe, namba ya usajili ya herufi D kwenda juu, basi. Hatumlaumu. Sisi ni karakana ndogo hapa Morogoro, tunakagua pikapu zilizotumika kabla mteja hajalipa, tunamsaidia kuagiza au kupata iliyopo nchini, na tunatengeneza bodi na springi. Kwa hiyo tunaziona gari hizi zinaponunuliwa na tunaziona tena zinaporudi kuuzwa. Tulichojifunza ni kwamba watu wengi hapa hawanunui pikapu kwa kufikiria safari za kesho asubuhi, wananunua kwa kumfikiria mtu wasiyemjua atakayekuja kuinunua kwao baada ya miaka mitano. Mtu huyo ndiye anayepanga bei, na ni vizuri mteja ajue ni sehemu gani ya fedha zake inayonunua kazi na ni sehemu gani inayomwendea mnunuzi huyo wa pili.

Tuanze na kebini, kwa kuwa hapo ndipo mabadiliko yanapoonekana zaidi. Zamani pikapu ilikuwa gari la dereva na tingo wake, na nyuma bodi ndefu. Siku hizi anayeulizia singo kebini, yaani ile ya milango miwili, ni mtu mwenye kazi maalumu, kama vile muuza vifaa vya ujenzi, msambazaji wa gesi au mkulima mwenye gari jingine la familia nyumbani. Wengine wote wanataka milango minne. Sababu si siri: fedha ya gari moja inatafutwa kwa shida, na gari hilo moja linatakiwa libebe mbolea Jumatano, lipeleke watoto shule Alhamisi na lionekane vizuri kanisani au kwenye harusi mwisho wa juma. Kuna na sababu ya pili, ya kibiashara, nayo ni kukodisha. Mkandarasi anapohitaji magari ya mradi huomba dabo kebini zenye 4WD, yaani zinazosukumwa na tairi zote nne, za kupeleka mafundi na wahandisi wake eneo la kazi, na rangi anayoitaka karibu siku zote ni nyeupe. Mkoa huu umepitiwa na ujenzi wa reli ya kisasa na barabara za kwenda kwenye bwawa la Julius Nyerere, hivyo wenye pikapu walijifunza upesi kwamba gari la namna hiyo linaweza kuingiza fedha hata mwenyewe akiwa amelala.

Gharama ya uchaguzi huo ni urefu wa bodi. Kwa Hilux iliyotoka mwaka 2015 na kuendelea, bodi ya singo kebini ina takriban mita 2.3, na ya dabo kebini takriban mita 1.5, ingawa uwezo wa uzito kwa zote mbili unakaribia tani moja. Ukizisikia kwa mdomo, tarakimu hizo hazitishi. Mama mmoja anayenunua mboga na nyanya Mgeta na kuzileta Soko Kuu la Chifu Kingalu alipokuja kwetu, tulichukua chaki tukachora bodi zote mbili kwenye sakafu ya karakana, kisha tukamwomba apange makasha matupu aliyokuja nayo kana kwamba anapakia. Ndani ya mstari mrefu yalienea yote. Ndani ya mstari mfupi theluthi moja ilibaki nje, nasi tukabaki tumesimama tukimtazama, tukiamini kwamba hesabu imeshajieleza.

Akasema, "Fundi, mimi nataka gari ambalo hata msibani naenda nalo."

Akanunua dabo kebini, na tukikaa chini na kupiga hesabu pamoja naye hatuwezi kusema alikosea. Siku za msimu, mzigo unapokuwa mwingi, hukodi kirikuu, kile kigari kidogo cha mizigo, ya kuchukua yale makasha yaliyobaki. Siku nyingine zote gari lake linamtosha, na siku akitaka kuliuza hatatafuta mnunuzi. Alichokilipia alikijua. Anayetusumbua ni mteja ambaye hajui, yule anayenunua dabo kebini kisha anarudi baada ya miezi miwili kutuomba tuongeze majani ya springi ili abebe mzigo wa singo. Springi tunaweza kuongeza, lakini chesisi, ile fremu ya chuma inayobeba gari zima, hatuwezi. Kwenye dabo kebini kebini imesogea nyuma, na sehemu kubwa ya bodi inakaa juu ya ekseli na nyuma yake, hivyo ukipakia magunia ya lumbesa mpaka kwenye mlango wa nyuma, uzito wote unaninginia kule nyuma, tairi za mbele zinapungukiwa na mzigo, usukani unakuwa mwepesi kuliko inavyotakiwa, na kila shimo barabarani linaikunja chesisi pale nyuma ya kebini. Springi ngumu huficha dalili tu, kwa kuwa gari halionekani tena limelala. Tumekwisha kupokea chesisi iliyopinda kiasi kwamba nafasi kati ya kebini na bodi ilikuwa pana juu na imebana chini, na mwenye gari alidhani bodi imelegea bolti.

Kati ya hizo mbili kuna kebini moja na nusu, ambayo Thailand ni ya kawaida kabisa na hapa kwetu inadharauliwa bila sababu ya msingi. Ina viti viwili vya mbele, kijisehemu cha nyuma cha kuwekea mabegi au watoto kwa safari fupi, na bodi ndefu kuliko ya dabo kebini. Kwa maoni yetu ndiyo inayomfaa mfanyabiashara wa mazao asiye na gari jingine. Ubaya wake ni yule mnunuzi wa pili: huuzwa taratibu, na dalali atakuambia hivyo kabla hujamaliza kuegesha. Lakini jambo hilo lina upande wa pili, kwamba gari linalouzwa taratibu hununuliwa kwa nafuu, na mwenye mpango wa kukaa na pikapu miaka kumi hana haja ya kuogopa dalali.

Wateja waliozoea kuagiza IST au Noah kutoka Japani hushangaa kuona pikapu za kisasa ni chache huko na bei zake hazishikiki. Maelezo yake ni mafupi. Toyota iliacha kuuza Hilux nchini Japani mwaka 2004, na ilipoirudisha mwaka 2017 iliileta ikiwa imetengenezwa Thailand, kwa hiyo kwa zaidi ya miaka kumi Wajapani hawakuwa na Hilux mpya za kuja kuwa mitumba yetu. Ndiyo maana pikapu zetu hutoka Thailand, Uingereza, Afrika Kusini na Australia, nchi ambazo usukani uko kulia kama hapa. Kuna kitu kinatuchekesha kila tunapofungua boneti ya Hilux iliyotoka Uingereza: nyingi zina namba ya chesisi inayoanza na AHT, maana yake zilitengenezwa Durban. Gari limezaliwa Afrika, likaenda kutumika shambani Ulaya, kisha likarudi Afrika kwa meli likiwa limezeeka. Zinazoanza na MR0 ni za Thailand.

Kila njia ina mtego wake. Uingereza humwaga chumvi barabarani wakati wa baridi ili barafu iyeyuke, na chumvi hiyo hula vyuma vya chini. Picha ya tangazo itakuonyesha rangi inayong'aa, lakini sisi tunaingia chini na tochi na nyundo ndogo, tunagonga chesisi kuanzia mbele hadi nyuma tukisikiliza mlio. Chuma kizima hulia, kilicholiwa hutoa sauti ya debe lenye mchanga, na kama kimepakwa rangi nyeusi nzito juzi tu, tunakwangua kidogo. Mtego wa pili wa huko ni maili. Mteja wetu mmoja aliuziwa gari lililoandikwa 90,000, akaambiwa ni kilomita, kumbe ni maili, yaani takriban kilomita 145,000. Lakini Uingereza hiyohiyo inatoa dawa ya mtego huo: kila gari lililofikisha miaka mitatu hukaguliwa kila mwaka, na ukiwa na namba ya usajili ya kule unaweza kusoma mtandaoni bila malipo liliandika maili ngapi kila mwaka na lilifeli kwa kosa gani. Muuzaji akikataa kukupa namba hiyo, umeshapata jibu.

Wa Thailand ni wa namna nyingine. Huko kuna pikapu iliyonyanyuliwa juu, yenye tairi kubwa na sura yote ya 4WD, ambayo inasukumwa na tairi za nyuma pekee. Toyota huiita Prerunner. Kwa lami ya Dodoma haina ubaya wowote, na inakula mafuta kidogo zaidi, lakini ukiipeleka Mgeta wakati wa masika utalala njiani. Usitazame kibandiko cha ubavuni. Chungulia chini mbele: kama hakuna difu ya mbele na shafti zake mbili, basi hakuna 4WD, hata muuzaji aape vipi.

Kuhusu namba, ambayo wateja huitaja kabla hata ya injini, tunapenda kukumbusha kwamba herufi ile ya kwanza kati ya tatu za mwisho inaeleza gari lilisajiliwa lini Tanzania, haielezi lilitengenezwa lini. Pikapu ya mwaka 2010 iliyoingia juzi ina namba mpya kuliko ya mwaka 2014 iliyonunuliwa mpya dukani na kutunzwa na mwenyewe. Soko linalipa zaidi kwa ile ya kwanza. Sisi tungechukua ya pili, na tofauti ya fedha tungenunulia tairi.

Jina Hilux lenyewe lina thamani sokoni ambayo haimo kwenye vyuma vyake. Isuzu D-Max ni gari la kazi lisilo na maneno mengi, na kwa mtu anayebeba mzigo kila siku tunaipendekeza bila kusita; Ford Ranger za kuanzia 2011 zina starehe ambayo wengine waliifikia baadaye, ila zinataka fundi mwenye mashine ya kusoma kompyuta ya gari, na si kila wilaya anapatikana. Hilux inazishinda kwa spea: ukiharibikiwa Ifakara saa kumi jioni, kuna duka litakalokuwa na bushi yako. Hiyo ni sababu halali ya kuilipia zaidi. Land Cruiser pikapu, hasa yenye mkonga (bomba la kuvutia hewa lililopanda juu ubavuni) na ile injini ya lita 4.2 isiyo na turbo, ni ulimwengu mwingine na bei yake ni ya ulimwengu huo. Anayeihitaji kwa kawaida anajua tayari, na haji kutuuliza.

Huku chini soko limeshikwa na kirikuu. Vigari hivi vya Japani vya sentimita za ujazo 660 vilitengenezwa kubeba kilo 350 kwa sheria ya kwao, yaani magunia matatu na nusu ya kilo mia, na kila anayepita sokoni asubuhi anajua tunavibebesha nini. Hata hivyo, kwa mzunguko wa mjini, hakuna pikapu inayorudisha fedha yake haraka kiasi hicho. Inaonekana hata Toyota wamegundua kwamba mnunuzi wa gari tupu la kazi bado yupo, kwa sababu mwishoni mwa mwaka 2023 walizindua Thailand gari waliloliita Hilux Champ, singo kebini yenye jukwaa bapa nyuma ambalo mnunuzi anafungia bodi anayoitaka. Kwa karakana kama yetu hiyo ni habari njema kuliko pikapu zinazochajiwa umeme kama BYD Shark ya mwaka 2024, ambayo vijana wanatuonyesha kwenye simu zao na ambayo mpaka leo hakuna aliyekuja na fedha ya kuiagiza.

Jambo moja la miaka ijayo. Tangu Aprili 2025 Uingereza inaihesabu dabo kebini kama gari la kawaida katika kodi ya gari ambalo mfanyakazi hupewa na mwajiri, na awali ilihesabiwa kama gari la mizigo, kwa kodi ndogo. Kampuni za huko zikipunguza kuzinunua zikiwa mpya, mitumba itakayofika Dar es Salaam baada ya miaka mitano au sita itapungua pia. Hayo ni makadirio yetu, lakini mwenye dabo kebini nzuri ya huko hana sababu ya kuiuza kwa pupa.

Anayetaka tumkagulie gari atupigie siku moja kabla, atuambie liko yadi gani na atakalobeba. Tunapendelea kwenda saa moja asubuhi, kabla halijawashwa, kwa kuwa injini ya dizeli iliyochoka huficha mengi ikishapata moto: moshi wa kwanza, mlio wa kuwaka, kusita kwa nozeli. Tukifika tunaweka kiganja juu ya boneti kwanza. Tukikuta lina joto, tunaomba radhi na kurudi kesho yake, na safari hiyo ya pili hatumtozi mteja.