Kamusi peke yake haitoshi, waangalieni Wasami

Mhariri, salaam. Ile makala yenu ya lugha zinazokufa nimeisoma yote na nimeipenda, ila pale mwishoni mliposema dawa ni kuandika kamusi hapo tumeachana njia. Kamusi itakwambia neno maana yake nini, haikuonyeshi bibi anavyomgombeza mjukuu kwa neno hilohilo, sauti inapanda wapi na mkono unafanya nini.

Waangalieni Wasami, wale wenyeji wa kaskazini kabisa ya Norwe, Uswidi, Ufini na kipande cha Urusi. Kisami sio kimoja, viko kama tisa, na kuna kimoja kinaitwa Kiskolti kina wasemaji kama 300 tu, yani harusi moja ya huku kwetu inakuwa na watu zaidi ya hao. Mwaka 2023 mama mmoja Mskolti, Katja Gauriloff, katoa Je'vida, filamu ndefu ya kwanza kabisa kwa lugha hiyo. Ya kwanza! Sasa mtoto wa Kiskolti anaweza kukaa gizani akasikia lugha ya bibi yake inatoka kwenye spika kubwa.

Lakini iliyonikamata mimi ni filamu ya Sameblod ya Amanda Kernell, naye Msami, ya 2016, humo wanaongea Kisami cha kusini na Kiswidi. Binti wa miaka 14, miaka ya 1930, yuko shule ya bweni ambako akiongea lugha ya kwao anachapwa, siku hiyo wanakuja wataalamu wa mambo ya mbari kutoka Uppsala, mji wa Uswidi, wanampima kichwa kwa vyuma halafu wanamvua nguo wampige picha na wavulana wanachungulia dirishani, na baadae wavulana hao wanamkamata wanamkata sikio kwa kisu vile wafugaji wanavyowatia alama ndama wa kulungu wa theluji. Nilisimamisha filamu nikatoka nje kidogo. Halafu ile sehemu yuko kwenye pati ya wasomi wanamwambia hebu tuimbie joik, ule wimbo wa kwao, anaimba huku aibu imemjaa usoni. Hiyo aibu utaiandikaje kwenye kamusi? Na yule binti na mdogo wake wa kwenye filamu ni ndugu kweli, wametoka familia ya wafugaji haohao, ndo maana mikono yao inajua kazi.

Jambo kubwa ni kwamba kamera wameishika wenyewe. Mwongozaji Msami Nils Gaup alianza na Ofelaš mwaka 1987, filamu ndefu ya kwanza ya Kisami, ikafika mpaka kugombea Oscar, na sasa wana taasisi yao ya filamu pale Kautokeino, Norwe, inatoa pesa kwa waongozaji wao.

Ombi langu mhariri, toleo lijalo andikeni kuhusu hiyo taasisi, pesa wanapata wapi na kijana mwenye stori yake anaanzia mlango gani, manake huku kuna vijana wana kamera tayari na bibi zao bado wako hai.

Msomaji wenu,
Tanga