Mazoezi ya kumpa mtoto hewa yafike na zahanati

Mhariri, naomba nafasi niseme kuhusu utafiti uliotoka 2025 wa Safer Births, mpango wa kuwapa wakunga mazoezi ya kuokoa mama na mtoto wakati wa kujifungua, maana na sisi Tabora tumo. Mikoa ilikua mitano, sisi, Geita, Shinyanga, Mwanza na Manyara, vituo 30, akina mama karibu laki tatu na watoto wao, na vifo vya akina mama vikashuka kwa asilimia 75, vya wachanga wa siku za mwanzo asilimia 40. Jamani, hizo ni roho za watu!

Kilichonigusa zaidi ni namna walivofanya. Sio semina ya hotelini mtu anarudi na begi na cheti, ni mazoezi palepale wodini, mafupi ila ya mara kwa mara, kwa mdoli mfano wa mtoto mchanga na maski ya kumpa hewa. Wifi yangu ni nesi, alishanionesha, ukiegesha maski vibaya hewa inatokea pembeni na kifua cha mdoli hakinyanyuki kabisa, ukiinua kidevu kidogo ukabana sawasawa kinanyanyuka. Inaonekana rahisi, lakini mtoto akizaliwa hapumui inatakiwa uwe umeanza kumpa hewa ndani ya dakika moja, na mkono uliokaa miezi bila kushika ile maski lazima ubabaike hata kama darasani ulifaulu.

Sasa vituo vile 30 ni vile vinavozalisha wengi. Huku Uyui, na wenzetu wa Kaliua na Sikonge, wengi wanaanzia zahanati, na usiku unaweza ukamkuta nesi mmoja tu, huyohuyo amwangalie mama huyohuyo amshike mtoto. Namba 115 ya m-mama ipo, unapiga bure unatafutiwa usafiri, imesaidia sana tu, ila mvua zikiharibu barabara gari litachelewa na mtoto asiyepumua hawezi kusubiri, mama anayevuja damu naye hivohivo.

Ombi langu kwa halmashauri zetu, bajeti inayokuja iweke mdoli na maski kwa kila zahanati inayozalisha, na wakunga wazoefu kutoka vile vituo 30 wapewe usafiri wawazungukie wenzao wawe wanafanya nao mazoezi. Na madiwani wetu kwenye vikao msiishie kuuliza majengo yamefikia wapi, ulizeni na huo mdoli mara ya mwisho umetumika lini.

Msomaji wenu,
Uyui, Tabora