Gunia la chumvi ya viwandani liandikwe kwa Kiswahili

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niwafikishie wenye viwanda vya chumvi ombi moja. Gunia la chumvi ya viwandani, ile isiyotiwa madini joto (ayodini), liandikwe kwa Kiswahili, kwa herufi ambazo hata mtu mwenye macho ya uzee kama yangu atazisoma akiwa amesimama.

Nimefanya kazi ya uuguzi Makete tangu wilaya hiyo ikiwa bado ndani ya mkoa wa Iringa. Enzi zile tuligawa vidonge vya mafuta yenye madini joto kwa kina mama na watoto, maana huku milimani rovu, ule uvimbe wa shingoni unaoletwa na ukosefu wa madini joto, lilikuwa jambo la kawaida. Mama analo, binti analo, watu wakasema ni la ukoo. Kumbe mvua za miaka na miaka zimeosha udongo wetu, madini joto yamekwenda na maji, na mahindi na viazi tunavyolima vinayakosa. Rovu angalau lilionekana. Yaliyotuumiza zaidi ni mengine: mimba zilizoharibika, na mtoto aliyechelewa kutembea, akachelewa kusema, akafika shule na kubaki nyuma ya wenzake. Ubongo huanza kujengwa tumboni mwa mama, na ukikosa madini joto wakati ule, vidonge vya baadaye haviurudishi. Ndiyo maana nilifurahi sana miaka ya 1990 sheria ilipotaka chumvi ya kula itiwe madini joto kabla ya kuuzwa.

Sasa nimestaafu, nina duka. Mwaka jana nilinunua kwa muuzaji wa jumla gunia la kilo 50, chumvi nyeupe safi, bei nafuu. Nikaiuza kwa kopo wiki tatu. Siku moja bwana afya akapita na kichupa chake, akadondosha tone. Chumvi yenye madini joto hugeuka zambarau. Yangu ikabaki nyeupe vilevile. Tukaligeuza gunia. Chini kabisa, karibu na mshono, kwa Kiingereza na kwa herufi ndogo, paliandikwa kuwa ni ya matumizi ya viwandani. Wateja wangu wawili walikuwa wajawazito. Nilizunguka nyumba kwa nyumba kuwabadilishia majirani wote niliowakumbuka, na najua wapo niliowasahau.

Chumvi ile ina kazi yake. Wasindikaji wa ngozi wanaihitaji, watia rangi vitambaa pia, na vipo viwanda vinavyopitisha umeme katika maji ya chumvi vikapata klorini ya kusafishia maji na soda kali ya kutengenezea sabuni. Huko madini joto hayahitajiki. Tatizo ni kwamba ukiimwaga mezani karibu na ya kula, hakuna jicho wala ulimi utakaozitofautisha.

Wapo wanaonijibu kuwa chumvi ya bahari ina madini joto tayari. Hapana. Maji ya majaruba ya Lindi, Mtwara au Bagamoyo yakikaushwa na jua, madini joto yanayobaki kwenye chumvi ni kidogo mno. Hata ya Uvinza, ambayo watu wameipika kutoka chemchemi zake kwa zaidi ya miaka elfu moja, lazima itiwe.

Kwa hiyo naomba gunia la viwandani liwe na rangi yake peke yake, na maneno SI YA KULA yaandikwe pande zote mbili, katikati. Shirika la Viwango lilifanye hilo kuwa sharti. Na kiwanda kinachouza chumvi hiyo kimuulize mnunuzi anaipeleka wapi, maana mwenye duka la rejareja mlimani hana ngozi za kusindika.

Gunia lile ninalo bado, nimelikunja stoo. Atakayetaka kuona maandishi yake yalivyo nitampa.

Muuguzi mstaafu,
Makete, Njombe