Panya wa virusi vya hanta hana kwato

Mhariri,

Makala ya gazeti lako kuhusu virusi vya hanta, ambavyo watu huambukizwa na panya nchini Marekani, ilikuwa na maelezo sahihi, ila picha yake ilimsingizia mnyama asiyehusika. Aliyeonyeshwa ana kwato, michirizi myeupe kooni na miguu myembamba kama penseli. Huyo ni kancil, kama Wamalay wanavyomwita, wa misitu ya Asia ya Kusini-Mashariki. Ana uzito wa kilo mbili hivi, hucheua, wala si mnyama wa kuingia stoo ya mtu.

Aliyestahili picha ni panya Peromyscus maniculatus wa Amerika Kaskazini, mwenye gramu 10 hadi 30, macho na masikio makubwa, tumbo na miguu nyeupe. Tazama hasa mkia: juu mweusi, chini mweupe. Panya mdogo wa nyumbani ana mkia wa rangi moja, na si yeye anayeeneza virusi hivi, vilivyotambuliwa mwaka 1993 kusini-magharibi mwa Marekani.

Kosa hili lina uzito kwa sababu gazeti linasomwa na ndugu zetu walioko Colorado, Arizona na New Mexico, ambao hupewa kazi ya kusafisha vibanda na maghala yaliyofungwa majira yote ya baridi. Virusi vimo kwenye mkojo, mavi na mate ya panya, na mtu huvivuta pamoja na vumbi. Ndiyo maana ufagio ni hatari, na mashine ya kufyonza vumbi vilevile. Fungua milango na madirisha, utoke nje kwa dakika 30. Vaa glavu za mpira. Changanya jiki sehemu moja kwa maji sehemu tisa, siku hiyohiyo, nyunyizia mavi na viota mpaka vilowe chepechepe, kisha subiri dakika tano. Wengi huharibu hapa: hupuliza kidogo na kufuta papo hapo, dawa haijafanya kazi. Okota kwa karatasi, funga kwenye mifuko miwili, halafu piga deki sakafu yote. Tundu la milimita 6 linamtosha panya kupita, kwa hiyo lizibe kwa waya wa kusugulia masufuria.

Homa na maumivu ya mapaja au mgongo yakitokea kati ya wiki moja na nane baadaye, daktari aambiwe habari za panya mapema, kabla pumzi haijaanza kubana. Dawa mahususi haipo. Mgonjwa husaidiwa kupumua. Zaidi ya theluthi moja ya wanaofikia hatua ya mapafu hufariki.

Panya huyu hayupo Afrika (panya wetu wana magonjwa yao, watu wa Lushoto, Tanga, wanaijua tauni). Kancil ndiye mwenye ndugu huku: Hyemoschus aquaticus wa misitu ya Kongo, kilo 7 hadi 16, mwenye madoa na mistari myeupe, ambaye akifukuzwa huzama mtoni. Naye asichanganywe na digidigi au funo. Dume la digidigi lina pembe. Katika ukoo wa kancil hakuna mwenye pembe, dume lina meno mawili marefu yanayochomoza kutoka taya la juu.

Tunaomba picha ibadilishwe katika toleo la mtandaoni, na maelezo ya chini yake yataje jina la kisayansi.

Walimu wa baiolojia,
Morogoro