Bibi aliuliza nani atatazama

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni fundi simu hapa Tanga mjini, miaka 29. Filamu sijasomea popote. Nimejifunza kwa bando la usiku, nikitazama wenzangu wanavyopanga mwanga na kukata picha, na mengine kwa kuharibu. Nina filamu fupi nne, zote nimezipiga kwa simu ambayo mteja aliiacha dukani asirudi tena. Hiyo nayo ni kesi nyingine.

Ya nne ndiyo imenitia matatani. Mwaka jana nilikwenda Pangani kwa bibi mzaa mama. Nilimkuta barazani akisuka ukili. Simu moja nikaiegemeza kwenye kinu, nyingine nikaichomeka kwenye fungu la miyaa inase sauti, maana upepo wa pwani ukiipiga simu husikii ila mvumo. Basi kila neno la bibi linakuja na mchakacho wa miyaa. Sikupanga, lakini sasa hicho ndicho ninachokipenda kuliko vyote.

Alianza na bei ya mikeka, akaja kwenye macho yake. Halafu, bila kuulizwa, akamtaja mume wake wa kwanza, baharia wa jahazi, ambaye nyumbani hakuna aliyewahi kumsikia. "Babu yako nilimheshimu," akasema. "Yule nilimpenda." Mikono haikusimama, ukili ukazidi kurefuka.

Miezi mitatu baadaye akafariki.

Filamu ina dakika 11. Mama mkubwa alipoiona alilia, akaomba airudie mara tatu. Mjomba aliitazama mara moja, akanirudishia simu: "Unamvua mama yangu nguo mbele za watu." Tangu siku hiyo hapokei simu zangu. Nami nilitaka kuipeleka ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar. Niliwahi kwenda mara moja, nikakaa Ngome Kongwe usiku nikitazama kazi za wengine, nikajiambia na yangu siku moja. Mambo ya kibali cha Bodi ya Filamu nitayafuatilia, hayo hayanisumbui.

Mjomba naye ningeweza kubishana naye. Kinachoninyima usingizi hakimo kwenye filamu, kwa sababu nilikikata. Kabla hatujaanza bibi aliuliza, "Na hii atatazama nani?" Nikamjibu, "Mimi tu, bibi." Nilitaka asione haya. Wakati ule ilikuwa kweli, nadhani.

Mama mkubwa anasema kama hakutaka asingesema. Rafiki yangu anasema nimtoe baharia. Nimejaribu: zinabaki dakika 6 za mikono na bei ya mikeka, zinapendeza, ila bibi simwoni. Nimefikiria pia kulirudisha swali lake pale mwanzoni, pamoja na jibu langu, kila mtazamaji asikie. Lakini naogopa hata huko ni kujipamba tu kwa aibu yangu.

Shangazi, niipeleke, niikate, au niiache simuni kama nilivyomwambia?

Fundi, Tanga