Barua ya wazi kwa Mkurugenzi: kanzidata ya mikorosho imetufia mikononi

Mheshimiwa Mkurugenzi,

Nakusalimu kwa heshima. Ndani ya miaka mitatu nimekuandikia madokezo manne. Hili la tano naliweka hadharani, kwa sababu Jumatatu iliyopita seva, kompyuta inayohifadhi kanzidata yetu ya sampuli za mikorosho, haikuwaka.

Diski imeungua. Umeme ulikatika usiku ukarudi kwa kishindo, na betri ya kulinda mitambo ilikufa tangu masika ya mwaka jana. Nadhani chanzo ni hicho, ingawa fundi analaumu joto la chumba kile. Nakala ya akiba ya mwisho ina miezi kumi na minne.

Sampuli zenyewe zipo kwenye friji. Lakini kila kichupa kimeandikwa namba tu. Mkorosho gani, kijiji gani, tarehe gani, ulipulizwa dawa ya salfa au la, yote hayo yalikuwa kwenye kanzidata. Sasa hakuna anayejua kipi kilitoka Tandahimba na kipi Nachingwea. Nilivikusanya kwa pikipiki, mafuta mengine kwa mfuko wangu. Kule Newala mama mmoja alinikatia tawi la mkorosho wake unaonyauka akasema, "Mwanangu, mturudishie jibu." Nikamwambie nini?

Mnyauko fusari, ugonjwa wa kuvu unaonyausha mikorosho, uliripotiwa Mkuranga, mkoani Pwani, mwaka 2012. Kujua kama kuvu anayeua mikorosho ya huku ni yuleyule, lazima vinasaba vyake vilinganishwe, na mfuatano wa vinasaba, yaani mpangilio wa herufi za DNA, usio na mahali wala tarehe hausaidii kufuatilia ugonjwa ulikotoka na unakoelekea.

Mheshimiwa, sisi wa huku tungepaswa kulijua hili kuliko wengine. Chikungunya, homa ya virusi inayoenezwa na mbu, ilitambuliwa kwa mara ya kwanza uwanda wa Makonde, katika mlipuko wa 1952 na 1953, na jina lake ni la Kimakonde. Leo mfuatano wa vinasaba vya virusi vya mlipuko ule umo GenBank, kanzidata ya vinasaba ya Marekani iliyoanza mwaka 1982 na inayobadilishana taarifa kila siku na wenzao wa Ulaya na Japani. Mtafiti aliyeko Brazili anaufungua bure. Damu ilitoka kwa wagonjwa wetu, na kumbukumbu yake ipo hai kwa sababu wapo watu wanaolipwa kuitunza. Hata kwa matajiri, fedha zikikoma mambo hubadilika: TAIR, kanzidata ya Arabidopsis, mmea mdogo unaotumiwa sana na watafiti wa vinasaba, ilipokosa ruzuku ya serikali ya Marekani ililazimika kutoza ada.

Siku ya uzinduzi ulikata utepe ukasema, "Hii si ya mradi, ni ya Taifa." Nilikuwepo, nilipiga makofi. Mradi ukaisha, mfadhili akaondoka, kijana aliyekuwa akisahihisha taarifa mkataba wake haukuongezwa. Fedha za kununua seva zilipatikana. Za kuitunza hazikuwahi kuwekwa kwenye bajeti hata mara moja.

Siombi jengo. Siombi hata seva mpya kwanza. Naomba mtu mmoja wa kudumu, mwenye kasma yake, yaani fungu lake kwenye bajeti, ambaye kazi yake ni kutunza kanzidata, kusahihisha makosa na kutoa nakala kila wiki. Mtu mmoja, Mheshimiwa. Msimu wa kupuliza ukianza nitarudi vijijini na vichupa vipya, na sina pa kuandika vilikotoka.

Wako katika ujenzi wa Taifa,
Msaidizi wa utafiti, Mtwara