Ndugu wanasema mionzi ya mara moja ni kumkatia tamaa baba

Ndugu Mhariri, shikamoo, na salamu kwa wasomaji wenzangu.

Nina jambo la nyumbani ambalo limetugawa. Naomba nilieleze lote, maana nikilifupisha mtaniambia "mpelekeni hospitali", na hospitali tumeshafika.

Baba yetu ana saratani ya tezi dume. Ameshapita miaka 70, ni fundi wa mashua hapa Kilwa, na mpaka mwaka juzi alikuwa bado anashika tezo. Maumivu yalianzia kiunoni. Hospitali moja, sitaitaja, walimpa diklofenaki wakasema ni uzee na kazi ya kuinama, akazimeza mpaka tumbo likamsumbua. Alipokuja kupimwa PSA, kile kipimo cha damu cha tezi dume, na kukatwa kinyama cha kupimwa, ugonjwa ulikuwa umeshaingia kwenye mifupa ya nyonga na pingili za chini za mgongo. Alianzishiwa sindano ya homoni, ile ya kila baada ya miezi mitatu. Ilimsaidia kweli, akarudi kukaa barazani na wenzake. Sasa maumivu yamerudi, na safari hii yana hasira.

Mchana akiwa ametulia unaweza kudhani ni mzima. Kazi ni usiku. Akitaka kuinuka hukamata ukingo wa kitanda, hubana pumzi, midomo ikienda "Ya Latifu, Ya Latifu", kisha husimama palepale bila kupiga hatua mpaka mguu wa kulia ukubali. Swala anaswalia kwenye kiti cha plastiki, na nadhani kukosa kusujudu kunamuuma kuliko hiyo nyonga.

Mofini ya maji anayo, tunampimia kwa bomba la sindano lisilo na sindano kila baada ya saa nne. Mwanzoni shangazi aliificha kabatini, akasema tunamfundisha kaka yake ulevi uzeeni. Nesi wa tiba shufaa, ile ya kumpunguzia mgonjwa mateso, alikuja, akakaa naye jikoni, akamweleza kwamba mgonjwa wa saratani anayepimiwa dozi kwa ajili ya maumivu si mlevi, na kwamba usumbufu mkubwa wa dawa hiyo ni kufunga choo, kwa hiyo apewe na ya kulainisha kila siku. Likaisha. Siku hizi shangazi ndiye anayetukumbusha saa. Nalitaja hili ili mjue kwamba ndugu zangu si wabishi wa kuzaliwa, wakielezwa huelewa.

Lililobaki ni mionzi. Daktari wa saratani Dar es Salaam ameshauri baba apigwe mionzi ya kutuliza maumivu kwenye nyonga na pale mgongoni. Mara moja. Dakika chache mezani, basi, arudi nyumbani.

Kaka yetu mkubwa alipiga simu usiku uleule. "Mara moja? Wamemkatia tamaa." Baba mdogo akaleta mfano wa jirani yetu, mama aliyeugua saratani ya shingo ya kizazi. Alikaa Dar wiki nyingi, akapigwa mionzi mara 25, kisha na ile ya ndani, na leo anauza samaki sokoni. "Yeye 25, baba yenu moja. Hesabu hiyo hata mtoto wa madrasa anaiona." Kaka anataka shamba la minazi liuzwe, mzee apelekwe India.

Nilirudi kwa daktari na daftari langu nikamwomba anieleze polepole. Alisema ugonjwa wa yule mama ulikuwa haujasambaa, na mionzi yake ilikuwa ya kuumaliza. Dozi ya kuumaliza ni kubwa, lazima igawanywe kidogokidogo ili viungo vizima vya jirani vivumilie. Ya baba nia yake ni kutuliza mfupa uliovamiwa. Kwa maumivu ya namna hiyo, wataalamu wa nchi mbalimbali wamelinganisha maelfu ya wagonjwa: waliopigwa grei 8 (grei ni kipimo cha dozi ya mionzi) kwa mkupuo mmoja, na waliopigwa grei 20 kwa siku tano au 30 kwa siku kumi. Nafuu ilikuwa sawa. Katika watu kumi, kama sita hupata nafuu, na miongoni mwao wapo ambao maumivu hukoma kabisa. Wanachotofautiana ni kurudia: waliopigwa mara moja hurudishwa mezani zaidi baadaye, kama 20 kwa mia, wakati wale wa mara nyingi ni kama 8 kwa mia. Na kurudia kunaruhusiwa, mlango haufungwi.

Hayo nilimsomea kaka neno kwa neno. Nikamuuliza kama ameshawahi kufikiria mtu mwenye nyonga ile kulala chali juu ya meza ngumu siku kumi, wakati siku moja ingetosha. Akasema "tutaongea". Mama yeye hofu yake ilikuwa wajukuu, kama itabidi wasilale karibu na babu yao. Hapana, mionzi ya mashine haibaki mwilini. Aliposikia hivyo alitulia.

Daktari hakunificha na yale yasiyopendeza. Nafuu haiji siku ileile, huanza baada ya wiki moja au mbili, kwa wengine hufika hata wiki ya sita. Na siku chache za mwanzo maumivu yanaweza kupanda kabla hayajashuka. Si ajabu hata kidogo, huwapata wagonjwa wengi tu. Wengine hupewa deksamethasoni, dawa ya kutuliza uvimbe, na mofini isipunguzwe kwa haraka. Hapa ndipo ninapoogopa. Nawaona ndugu zangu usiku wa pili, mzee analia, simu zinapigwa kutoka kila upande: "Si tulisema!"

Kuna na jambo ambalo alilipigia mstari mara mbili kwenye daftari, na naomba kila mwenye mgonjwa wa namna hii alisome vizuri hata kama hana ushauri wa kunipa. Miguu ikianza kulegea, au ganzi ikaingia makalioni na sehemu za siri, au mkojo ukaziba, au choo kikatoka bila mtu kujijua, msingoje tarehe ya kliniki. Hapo uti wa mgongo unabanwa, na kuchelewa hata siku moja kunaweza kumnyima kutembea tena.

Sasa fundo lenyewe. Baba hajaambiwa kwamba ugonjwa umefika kwenye mifupa. Kaka alikataza tangu siku ya majibu, akasema mzee akijua atakufa kwa mawazo. Anaambiwa ni tezi dume, na mgongo ni baridi yabisi. Kwa hiyo kila hoja yangu ya kutetea mionzi ya mara moja inaanzia kwenye sentensi niliyokatazwa kuitamka. Kikao cha ukoo kimepangwa Jumamosi, na baba atakuwepo, ni nyumba yake. Nitasemaje kwamba jirani alitibiwa apone na yeye anatibiwa apate usingizi?

Na mzee si mjinga. Juzi nikimpa uji aliniuliza, "Hiyo mionzi ni ya kuunda au ya kukalafati?" Kwa msiokaa na mafundi wa vyombo: kukalafati ni kuziba nyufa kwa pamba na mafuta ili chombo kisiingize maji. Ubao uliooza unabaki vilevile. Nilimwambia uji unapoa.

Mimi kwa upande wangu naona ana haki ya kujibiwa. Ana watu anaowadai na wanaomdai, ana mashua ya mtu imekaa nusu ufukweni, na wasia hajaandika kwa sababu anaamini ana muda. Lakini mimi ni binti, na kitinda mimba. Mama anasema hawezi kuwa wa kwanza kulitamka. Nimefikiria kumwomba daktari amweleze mwenyewe kule Dar kabla ya kupanda mezani, ila naogopa asije akaipata habari hiyo ugenini, kwenye foleni, mbali na mama. Nimefikiria pia shehe wa msikiti wetu, ambaye walisoma chuo pamoja utotoni. Nani aseme, na asemee wapi? Na je, nivunje amri ya kaka kabla ya kikao, au nimweke chini yeye kwanza? Waliopita njia hii naomba mnielekeze, hasa mliotokea kwenye familia ambazo mkubwa akishasema imetoka.

La mwisho ni la safari. Paja lilipigwa picha, daktari akasema halijafika pa kuvunjika, lakini abebwe kwa uangalifu. Kwa basi la abiria haiwezekani. Tunafikiria kukodi Noah, tutoe viti vya kati, tulaze godoro, na dozi ya mofini aipate kabla ya kuondoka na nyingine kabla ya kupanda kwenye meza ya mionzi. Kuna mtu wa kusini aliyemsafirisha mgonjwa wa nyonga mpaka Dar kwa njia hii? Alilala chali au ubavu, na kwenye matuta mlifanyaje?

Tarehe tuliyopewa ni mwisho wa mwezi huu, kwa hiyo mwenye neno alilete mapema.

Binti wa fundi,
Kilwa